KARIBA: ZIWA LA NCHI MBILI NA DENI LA WATU WA BONDENI

Mtu akiitazama ramani ya kusini mwa Afrika ataona mpaka wa Zambia na Zimbabwe ukifuata mto Zambezi kama uzi mwembamba wa buluu, hadi mahali ambapo uzi huo unatanuka ghafula, mfano wa chatu aliyemeza paa. Hapo ndipo lilipo Ziwa Kariba. Urefu wake ni kiasi cha kilomita 280, na penye upana mkubwa huwa zaidi ya kilomita 30 kutoka ukingo hadi ukingo. Eneo lake lote hukaribia kilomita za mraba 5,500, na likijaa huwa na maji yapatayo mita za ujazo bilioni 180. Kwa wingi wa maji, hakuna bwawa jingine duniani lililotengenezwa kwa mkono wa binadamu linalolishinda.

Hata hivyo ziwa hili si kongwe. Maziwa kama Tanganyika na Nyasa yaliumbwa na nguvu za ardhi kwa muda wa mamilioni ya miaka. Kariba lilijazwa kwa miaka mitano tu, tangu Desemba 1958 hadi 1963, na wako wazee wanaokumbuka mashamba, makaburi na njia za miguu zilizolala chini ya maji hayo. Ndiyo maana habari za Kariba haziwezi kusimuliwa kwa hesabu za saruji na umeme peke yake. Ni habari za watu walioondoshwa makwao ili wengine wapate mwanga. Za nchi mbili zilizolazimika kula katika sinia moja hata zilipokuwa zimeelekezeana bunduki. Na za akiba ambayo katika miaka ya karibuni imekuwa ikipungua mbele ya macho ya watu wote.

MTO NA MTEGO WAKE

Mto Zambezi huanzia kaskazini-magharibi ya Zambia, hupita Angola, hurudi Zambia, kisha hugusa Namibia na Botswana. Baada ya kuanguka kwa kishindo katika Maporomoko ya Viktoria, ambayo wenyeji huyaita Mosi-oa-Tunya, yaani moshi unaonguruma, huingia katika bonde refu lenye joto kali. Safari yake ya zaidi ya kilomita 2,500 huishia katika Bahari ya Hindi, pwani ya Msumbiji. Katika bonde hilo, vilima viwili hukaribiana na kuubana mto ndani ya korongo la mawe. Korongo hilo ndilo lililoitwa Kariba, jina ambalo husemwa kuwa limetokana na neno la wenyeji lenye maana ya mtego.

Juu ya korongo hilo, katika bonde la Gwembe, Watonga waliishi kwenye kingo zote mbili kwa vizazi vingi. Kwao mto haukuwa mpaka bali njia. Mitumbwi ilivuka asubuhi na jioni, watu wa ng'ambo hii walioa ng'ambo ile, na msiba wa upande mmoja ulikuwa msiba wa upande wa pili. Kilimo chao kilifuata pumzi ya mto. Wakati wa mvua walilima mtama, uwele na mahindi katika mashamba ya juu. Mafuriko yalipopungua walipanda tena katika tope lenye rutuba lililoachwa ukingoni. Hivyo waliweza kuvuna mara mbili katika mwaka mmoja. Hawakuwa matajiri, na iko miaka ambayo njaa iliwabishia hodi, lakini waliijua ardhi yao kama mtu aijuavyo nyumba yake gizani.

Katika imani za bondeni, mto huo una mwenyewe, naye ni Nyaminyami, mwenye mwili wa nyoka na kichwa cha samaki. Ziliposikika habari za kujengwa ukuta, wako wazee walioonya kwamba Nyaminyami hatakubali kutenganishwa na mkewe aliye upande wa chini.

UKUTA WAINUKA

Mwaka 1953 Waingereza waliziunganisha Rodesia ya Kusini, Rodesia ya Kaskazini na Unyasa, ambazo leo ni Zimbabwe, Zambia na Malawi, kuwa Shirikisho moja lililotawaliwa na walowezi. Viwanda vya Kusini na migodi ya shaba ya Kaskazini vilikuwa na kiu kubwa ya umeme. Mapendekezo yalikuwa mawili: bwawa katika mto Kafue, ulio ndani ya Rodesia ya Kaskazini, au bwawa la Kariba, lililo mpakani. Mwaka 1955 Shirikisho liliamua kujenga Kariba, na kwamba mitambo ya kwanza iwekwe kwenye ukingo wa kusini. Uamuzi huo uliwachukiza watu wengi wa Kaskazini, na miaka kumi baadaye hasara yake ilionekana wazi. Mwaka 1956 Benki ya Dunia ilitoa mkopo wa dola milioni 80, na kazi ikaanza.

Ukuta huo ulibuniwa na mhandisi wa Kifaransa, André Coyne, na ukajengwa na kampuni ya Kitaliani iitwayo Impresit. Haukunyoshwa kama ukuta wa nyumba, bali ulipindwa kama upinde, tumbo lake likielekea kwenye maji. Kwa hiyo maji yanapousukuma, nguvu yake hupelekwa kwenye miamba ya pande zote mbili, nayo miamba ndiyo inayobeba mzigo. Ni elimu ile ile ya mwashi ajengaye tao la mlango, ambapo kila jiwe hulibana jenzake. Kimo cha ukuta ni mita 128, na urefu wake kwa juu, palipo na barabara ya kuunganisha nchi mbili, ni mita 617. Zege iliyomwagwa ilifikia kiasi cha mita za ujazo milioni moja.

Mto haukukubali kirahisi. Mafuriko makubwa yalikuja mwaka 1957 na kuharibu kazi. Wahandisi walidhani hayo ndiyo makubwa ya kutosha kwa kizazi kizima, lakini mwezi Machi 1958 yalikuja mengine yaliyoyazidi maradufu. Maji yapatayo mita za ujazo 16,000 yalipita katika korongo kila sekunde, yakabomoa boma la muda na kuyachukua madaraja. Waliokuwa wakimtaja Nyaminyami hawakushangaa. Wahandisi nao walirudi kwenye hesabu zao, wakaongeza milango ya kupunguzia mafuriko hata ikafika sita.

Gharama kubwa kuliko fedha ilikuwa maisha ya watu. Zaidi ya wafanyakazi 80, Waafrika na Wazungu, walikufa katika ujenzi huo kwa maporomoko, kuanguka na ajali za mitambo. Mwezi Februari 1959 wafanyakazi 17 walipotea kwa ajali moja. Juu ya kilima kinachotazama ziwa limejengwa kanisa dogo la Mtakatifu Barbara, na ndani yake yameandikwa majina ya marehemu hao. Tarehe 17 Mei 1960 Mama Malkia Elizabeth wa Uingereza aliufungua rasmi mradi huo, na umeme ukaanza kwenda mijini na migodini.

WATU 57,000

Milango ya mwisho ya mto ilizibwa mwanzoni mwa Desemba 1958. Kabla ya hapo, Watonga wapatao 57,000 walikuwa wameamriwa kuhama, wengi wao upande wa Kaskazini, na waliosalia upande wa Kusini. Hakuna aliyewauliza kama wanataka. Wengi hawakuamini kabisa kwamba mto ule ungeweza kuzuiwa ukawa bahari. Walidhani ni hila ya walowezi ya kutaka kuwanyang'anya ardhi.

Watu wa Chifu Chipepo, katika Rodesia ya Kaskazini, walikataa kuondoka. Walikuwa wameambiwa kwamba watapelekwa Lusitu, chini ya ukuta wa bwawa, mbali sana na makao yao, katika nchi ambayo ilikuwa na wenyewe. Gavana aliwaendea akazungumza nao bila mafanikio. Tarehe 10 Septemba 1958 polisi wa serikali ya kikoloni walikabiliana na wanaume waliokuwa na mikuki. Risasi zilipigwa; watu wanane waliuawa na zaidi ya 30 walijeruhiwa. Baada ya hapo watu walipakiwa katika malori pamoja na kuku, vyungu na mitulinga yao, wakapelekwa Lusitu.

Kwa msomaji avaaye sare, tukio hilo linastahili kufikiriwa kwa utulivu. Askari wale walitumwa kutekeleza amri ambayo wenye nchi hawakushirikishwa kuitoa, na kazi waliyopewa ilikuwa imekwisha kuharibiwa mezani kabla hawajafika kijijini. Bunduki inaweza kumwondoa mtu mahali alipo, lakini haiwezi kumshawishi kwamba ametendewa haki. Zaidi ya miaka 60 imepita, na majina ya waliokufa siku ile bado yanatajwa bondeni.

Lusitu haikuwapokea vizuri. Maji yalikuwa shida, na ardhi yenye tope la rutuba haikuwapo tena. Mwaka 1959 ugonjwa wa ghafula ulizuka ukaua zaidi ya watu 50, wengi wao wanawake na watoto. Chanzo chake hakikuthibitishwa. Upande wa Kusini, waliohamishiwa sehemu za Binga walipewa ardhi ya mchanga isiyo na mavuno mawili, na mashamba yao yakawa jirani na tembo. Isitoshe, ndugu waliokuwa wakivuka mto kwa mtumbwi kwenda kusalimiana walijikuta wametengwa na maji mapana yenye mawimbi, na mpaka wa mchoro ukawa mpaka wa kweli.

Habari hizi zinajulikana kwa undani kwa sababu wataalamu wawili wa Kimarekani, Elizabeth Colson na Thayer Scudder, walianza kuwachunguza watu wa Gwembe mwaka 1956, kabla ya kuhamishwa, na wakaendelea kuwarudia kwa miongo mingi. Walionyesha kwamba miaka ya kwanza ilikuwa ya majonzi na umaskini. Kisha ilifuata nafuu ya uvuvi, mifugo na shule. Na kuanzia katikati ya miaka ya 1970 hali ilidorora tena kwa sababu ya vita, kuporomoka kwa uchumi na uchovu wa ardhi. Utafiti wao umekuwa kitabu cha rejea kwa kila serikali inayotaka kuhamisha watu kwa ajili ya bwawa.

SAFINA YA NUHU

Maji yalipopanda, vilele vya vilima vilibaki kama visiwa, na wanyama wakakwama juu yake. Maofisa wa wanyamapori, ambao mashuhuri wao alikuwa Rupert Fothergill wa Rodesia ya Kusini, walianza kazi iliyoitwa Operesheni Nuhu. Kwa mashua, kamba na nyavu waliwaokoa wanyama zaidi ya 5,000: swala, nguruwe pori, nyani, nyoka, hata vifaru. Soksi ndefu za nailoni za akina mama zilisukwa kuwa kamba za kuwafungia swala, kwa sababu hazikuwachubua miguu. Wengi wa wanyama hao walipelekwa katika nchi kavu ya Matusadona, ambayo leo ni hifadhi ya taifa.

Kazi hiyo ilikuwa njema na ya kishujaa, na magazeti ya dunia yaliiandika kwa wingi. Lakini wako Watonga waliouliza, na swali lao halijazeeka, kwa nini kamera zilizomwona swala katika mashua hazikuliona lori lililokwenda Lusitu.

SWICHI ILIYOKUWA NG'AMBO

Shirikisho lilivunjika mwishoni mwa 1963. Zambia ikapata uhuru tarehe 24 Oktoba 1964. Tarehe 11 Novemba 1965 Ian Smith na walowezi wenzake wa Rodesia walijitangazia uhuru wao wa wachache. Hapo ndipo ilipoonekana maana ya kuiweka mitambo upande wa kusini. Migodi ya shaba, iliyokuwa uti wa mgongo wa Zambia, ilitegemea umeme ambao swichi yake ilikuwa katika ardhi ya Smith.

Rais Kenneth Kaunda aliitaka Uingereza ipeleke askari wa kulilinda bwawa hilo. Serikali ya London haikupeleka askari wa kuishika Kariba; ilipeleka ndege za kivita kukaa Zambia. Hivyo nchi mbili zilizokuwa mahasimu ziliendelea kutumia mtambo mmoja chini ya shirika la pamoja, kila mmoja akijua kwamba akiuvunja ukuta ule atazama pamoja na adui yake. Mwezi Januari 1973 Smith aliufunga mpaka. Wapigania uhuru waliuvuka Zambezi usiku, na majeshi ya Rodesia yakatega mabomu ya ardhini katika sehemu za mpaka. Mengine yaliendelea kuwaumiza raia na mifugo hata baada ya Zimbabwe kuwa huru tarehe 18 Aprili 1980.

Zambia haikungoja. Ilijenga kituo cha umeme katika korongo la Kafue, kilichoanza kazi mwanzoni mwa miaka ya 1970, kisha ikachimba miamba ya ukingo wake na kuweka mitambo ya Kariba Kaskazini, iliyokamilika katika nusu ya pili ya miaka hiyo. Mwaka 1987 nchi hizo mbili, sasa zote zikiwa huru, ziliunda Mamlaka ya Mto Zambezi, yenye makao yake Lusaka. Mamlaka hiyo hupima maji, huulinda ukuta, na hugawa maji ya kuzalishia umeme nusu kwa nusu.

DAGAA WAGENI

Katika jikoni za Zambia na Zimbabwe kuna samaki mdogo wa fedha aitwaye kapenta. Huliwa na nshima Zambia na sadza Zimbabwe, ambayo yote ni ugali. Mama wa nyumbani humwosha kwa maji ya vuguvugu ili mchanga na chumvi vitoke, humkaanga mpaka alie katika sufuria, kisha humtia kitunguu na nyanya. Mama wa Kigoma akimwona atamtambua mara moja, kwa kuwa ni dagaa wa Ziwa Tanganyika.

Ziwa Kariba lilipojaa, wataalamu waligundua kwamba samaki wa mtoni walikaa kandokando, na katikati, kwenye maji ya kina, palikuwa patupu. Ndipo Zambia, mwaka 1967 na 1968, ilipochukua dagaa wachanga kutoka Ziwa Tanganyika na kuwamwaga Kariba. Dagaa walizaana kuliko ilivyotarajiwa. Huvuliwa usiku usio na mbalamwezi, kwa taa zinazowavuta na wavu mkubwa unaoinuliwa kutoka chini ya jukwaa linaloelea. Asubuhi huanikwa kwenye vichanja, na jua la bondeni humaliza kazi kwa siku moja. Wengine walipita katika mitambo ya umeme wakiwa hai, wakafika Cahora Bassa, bwawa lililojengwa chini zaidi katika Msumbiji, wakaanzisha uvuvi mwingine huko.

Mwaka 1990 upande wa Zimbabwe peke yake ulivua zaidi ya tani 20,000. Tangu wakati huo mavuno yamepungua, kwani majukwaa ya uvuvi yameongezeka kupita kiasi na maji yamekuwa haba. Kadhalika faida haikugawanyika sawa: jukwaa, jenereta na wavu vinahitaji mtaji, na wavuvi wengi wa Kitonga wamebaki na mitumbwi na nyavu ndogo za kuvulia perege karibu na ukingo, penye mamba.

Mgeni mwingine hakualikwa. Ni gugu-maji liitwalo Salvinia, lililoonekana mara tu ziwa lilipoanza kujaa, na kufikia 1962 lilikuwa limefunika kiasi cha kilomita za mraba 1,000. Lilistawi kwa sababu miti na majani yaliyozama yalikuwa yakioza na kuyarutubisha maji. Mbolea hiyo ilipokwisha, gugu likapungua. Ardhi nayo ilishtuka kwa uzito uliowekwa juu yake: matetemeko yalianza kutokea ziwa lilipokuwa likijaa, na kubwa zaidi lilitokea Septemba 1963, lenye ukubwa wa takriban 6.

GHALA LA MAJI

Bwawa ni ghala. Mvua za Zambia na Angola huleta mavuno mara moja kwa mwaka, nayo mitambo hula kila siku. Katika ghala hili si kila kitu kinaweza kutumika. Mitambo huchota maji yaliyo kati ya mita 475.5 na mita 488.5 juu ya usawa wa bahari; yaliyo chini ya hapo hayawezi kuingia katika mitambo kwa usalama. Hivyo basi, katika zile mita za ujazo bilioni 180, kiasi cha theluthi moja tu ndicho kinachozalisha umeme. Ikitangazwa kwamba akiba ni asilimia sifuri, ziwa huwa halijakauka. Samaki wataendelea kuogelea na meli zitaelea, lakini taa mijini zitazimika.

Nchi zote mbili zimeongeza midomo ya kula. Zambia iliongeza megawati 360 katika kituo chake, kikafika 1,080. Zimbabwe iliongeza megawati 300 mwaka 2018, chake kikafika 1,050. Mitambo ikawa mingi, lakini mto haukuongezeka. Jua la bondeni nalo hunyonya maji mengi kila mwaka kwa njia ya mvuke.

Ukame wa 2015 na 2016 ulilishusha ziwa sana, na ule wa 2019 vivyo hivyo. Mwezi Novemba 2022 akiba ya kuzalishia umeme ilikuwa chini ya asilimia 5, na Mamlaka ya Mto Zambezi ikaitaka Zimbabwe isimamishe uzalishaji, kwa kuwa ilikuwa imekwisha kula fungu lake la mwaka. Mwaka 2024 ukame mkali ulirudi. Zambia iliutangaza kuwa janga la taifa mwishoni mwa Februari, na Zimbabwe ikafuata mwezi Aprili. Lusaka na Harare zilikaa gizani kwa saa nyingi kila siku. Mafundi wa kuchomelea walifanya kazi usiku wa manane umeme uliporudi, akina mama waliuza nyama kwa haraka kabla haijaoza, na mkaa ukapanda bei. Mkaa ukipanda bei misitu hukatwa, na misitu ikikatwa udongo huingia mitoni. Hivyo upungufu wa bwawa huzaa upungufu mwingine.

Nchi nyingine zinazojenga mabwawa zina la kujifunza hapo. Tanzania, iliyoanza kulijaza bwawa la Julius Nyerere katika mto Rufiji mwezi Desemba 2022, ina sababu ya kuitazama Kariba kwa makini. Ukuta mrefu hauleti mvua. Akiba hulindwa wakati wa neema, si siku ghala linapofagiliwa.

SHIMO CHINI YA UKUTA

Ukuta wenyewe nao umezeeka. Katika miaka ya mwanzo milango ilifunguliwa mara nyingi ili kupunguza mafuriko, na maji yaliyoruka kutoka juu yalipiga mwamba wa chini kwa nguvu hata yakachimba shimo lenye kina cha mita zipatazo 80. Hatari ni kwamba shimo hilo likiendelea kula kuelekea nyuma litaifikia miguu ya ukuta. Aidha, zege huvimba taratibu kutokana na kemikali zilizomo ndani yake, na kuibana milango ya chuma.

Wataalamu walitahadharisha kwamba ukuta ukivunjika, wimbi lake litaishukia Cahora Bassa, na maisha ya mamilioni ya watu wa bonde la Zambezi hadi baharini yatakuwa hatarini. Mwaka 2015 Zambia na Zimbabwe zilipata fedha za matengenezo kutoka Umoja wa Ulaya, Benki ya Dunia, Benki ya Maendeleo ya Afrika na Sweden. Kazi ya kulitanua shimo na kulipa umbo jipya, ili maji yatue bila kuchimba kuelekea ukutani, ilianza 2017, na milango nayo ikaingizwa katika matengenezo. Hiyo ndiyo kazi ya ulinzi isiyo na gwaride: watu wachache wenye kofia ngumu chini ya ukuta, wakilinda usingizi wa watu wasiowajua.

DENI LISILOANDIKWA

Mkopo wa Benki ya Dunia ulikuwa na tarehe ya kulipwa. Deni la watu wa bondeni halikuandikwa popote. Kwa miaka mingi nyaya kubwa za umeme zilipita juu ya vijiji vya Watonga zikienda mijini na migodini, na chini yake watoto walisoma kwa koroboi. Mwishoni mwa miaka ya 1990 serikali ya Zambia, kwa mkopo wa Benki ya Dunia, ilianzisha mradi wa kuwasaidia waliohamishwa wa Gwembe kwa barabara, visima na umeme. Ulikuwa mwanzo mwema, ingawa ulikuja miaka 40 baada ya malori. Upande wa Binga, wilaya hiyo imeendelea kuhesabiwa miongoni mwa maskini sana nchini Zimbabwe, ingawa imekaa ukingoni mwa maji mengi kuliko yote.

Haifai kusema kwamba Kariba haikupaswa kujengwa. Hospitali, migodi, viwanda na shule za nchi mbili zimeendeshwa kwa umeme wake, na dagaa wake wamekuwa mboga ya maskini wengi. Lakini haifai pia kuutaja umeme bila kumtaja aliyeulipia. Watonga walitoa ardhi, makaburi ya wazee wao na mto uliowaunganisha. Wanachodai si sadaka, bali waya utokao juu ya paa zao ushuke pia nyumbani, na maji wanayoyaona kila asubuhi yafike kwenye mashamba yao.

Kila mvua za masika zikiisha, wapimaji wa Mamlaka husoma vijiti vya kupimia ukingoni na kuzipelekea serikali mbili tarakimu moja. Tarakimu hiyo huamua ni saa ngapi taa zitawaka Lusaka na Harare. Ni vyema siku moja iamue pia kama taa zitawaka Lusitu na Binga.